Vifungo Sita

Jalada la kitabu lina picha ya uzi wa shanga nyekundu na nyeupe, na katikati ya shanga kuna vifungo vitano vya shati. Nilikiona kwa mara ya kwanza kwenye dirisha la duka la vitabu hapa Toronto, siku niliyoshuka basi kabla ya kituo changu kwa sababu tu sikuwa na haraka. Nilisimama pale kwenye theluji iliyoanza kuyeyuka mpaka soksi zikalowa. Vifungo vile ni vya baba yangu. Shanga ni za mama yangu. Aliyempa mgeni habari zake ni mimi, na hazikuwa zangu kutoa.

Mimi ni mtu wa kiguu na njia. Nimezaliwa Tanga, nikamaliza kidato cha nne, na tangu hapo sijakaa mahali pamoja miaka mitano mfululizo. Nilifanya kazi za ndani Muscat, nikafagia ofisi Uingereza, kisha mwenzangu mmoja akaniambia kuna kazi za kulea wazee Wales, kwenye mji mdogo ulio kando ya bahari. Nilikwenda kwa ajili ya hiyo bahari. Ilikuwa ya kijivu na baridi, lakini kila Jumapili niliiendea nikasimama na kujiambia harufu ile ni ya Raskazone, ufukwe wa kwetu Tanga. Haikuwa. Ndivyo nilivyo: nikiwa hapa nalia na kule, nikifika kule natafuta njia ya kutokea.

Kwenye nyumba ile ya wazee nilimlea bibi mmoja ambaye Kiingereza kilikuwa kimemtoka kichwani. Alikuwa amekijua maisha yake yote, lakini uzee ulikuja ukakifuta, ukamwachia Kiwelisi peke yake, lugha aliyosemeshwa na mama yake jikoni. Wenzangu walimwogopa kidogo. Mimi nilikuwa nimezoea kuishi ndani ya lugha za watu, kwa hiyo nilijifunza maneno yake machache: maji, baridi, inauma, lala. Nikilitamka moja vizuri alinipiga kofi dogo la mkono na kucheka.

Binti yake alikuwa mwalimu wa shule, mwanamke wa makamo mwenye mvi mbele tu. Alikuja kila alasiri baada ya vipindi. Lakini hakuingia moja kwa moja. Alikaa ndani ya gari lake dogo nusu saa nzima, daftari likiwa juu ya usukani, akiandika. Nilidhani anasahihisha madaftari ya wanafunzi. Siku moja mvua ilikuwa kubwa nikampelekea mwavuli, naye akaniteremshia kioo.

"Unisamehe, nakuchelewesha," aliniambia. "Nikiingia kwa mama siandiki tena. Nikifika nyumbani nimechoka. Hapa ndipo mahali pekee."

"Unaandika nini?"

"Riwaya. Ya tatu."

Ndivyo nilivyojua kwamba yeye ni mwandishi. Hakuna aliyekuwa ameniambia, na huko kwao halikuwa jambo la kutangazwa. Aliandika kwa Kiwelisi. Riwaya yake ya kwanza iliuzwa kwenye duka moja la mjini na juu ya meza ya chai baada ya ibada. Ya pili ilihusu mtaa aliozaliwa, na hiyo ndiyo iliyomtia adabu. Jirani yao mmoja alijitambua ndani ya kitabu, yeye na aibu yake, akaacha kumsemesha mama wa mwandishi mpaka yeye jirani akafa. Tangu hapo akajiwekea sharti. Kitu chochote alichopewa na mtu, kabla hakijaenda kuchapwa, alimwendea mtu huyo, akamsomea kurasa zote kwa sauti, kisha akamwuliza swali moja: "Hiki ni chako kutoa?" Ukisema si chako, alizichana zile kurasa mbele yako. Aliniambia mambo haya yote dirishani mwa gari, mimi nimeshika mwavuli. Siwezi kusema sikujua.

Bibi alifariki asubuhi ya Jumanne. Watu wa gari la maiti walikuja na suti nyeusi na viatu visivyo na mlio, wakamfunika, wakamchukua. Kazi ya dakika ishirini. Binti yake alifika gari likitoka getini. Nilimkuta chumbani amesimama na koti linalochuruzika maji, anatazama godoro.

"Sikumgusa," alisema. "Hata mkono sikumshika. Ninyi kwenu mnafanyaje?"

Nikamweleza. Kwamba mwanamke huoshwa na wanawake wake. Kwamba huwekwa shuka la kumsitiri hata kwa wanaomwosha. Maji ya vuguvugu, majani ya mkunazi, mwisho karafuu maiti ili anukie. Mpaka hapo nilikuwa sijasema uongo. Akaniuliza, "Na wewe wa kwako ulimwosha?"

Mama yangu alikuwa amefariki miezi kumi na moja kabla. Siku aliyozikwa mimi nilikuwa kwenye nyumba ileile, nabadilisha mashuka. Watu niliwaambia kwamba makaratasi yangu yalikuwa uhamiaji na kwamba nikitoka nchini nisingerudi. Ni kweli. Ila makaratasi yale nilikuwa nimechelewa kuyapeleka kwa miezi mitatu kwa uzembe, kwa sababu nilikuwa nawaza kuhama tena. Kama ningeyapeleka kwa wakati ningekuwepo.

Aliyemwosha mama ni dada yangu. Jioni ya mazishi alinipigia simu. Sauti ilikuwa imemkauka. Akaniambia kwamba walipomfungua mama kanga, yeye na shangazi, shangazi alikuwa amegeuka kuchota maji, na dada akaona shanga kiunoni. Mama yetu, mwanamke wa miaka sabini na kitu, bado alikuwa na shanga. Na mahali ambapo shanga zilikuwa zimekatika na kupotea, alikuwa amejaliza vifungo vya shati.

Hapo lazima nieleze. Baba alituacha tukiwa wadogo, akaoa Mtwara, asirudi. Mama alitoa mashati yake yote, akayamwagia mafuta ya taa, akayachoma uani mtaa mzima ukitazama. "Nimemaliza," alisema, na kwa miaka yote hakulitaja tena jina lake. Mtaani walimheshimu kwa moto ule. Kumbe kabla ya kuyachoma, alikuwa amekata kifungo kimoja kutoka kila shati.

Dada aliukata ule uzi haraka, akauficha kwenye mkunjo wa kanga yake, akaendelea kuosha.

"Mwosha hafungui kinywa," aliniambia kwenye simu. "Anachokiona pale kinabaki pale. Nakuambia wewe kwa sababu ni mama yako pia, na hukuwepo. Lifie hapa hapa."

"Limekufa, dada," nilimjibu.

Sasa yule mwandishi amesimama mbele yangu, ameshindwa hata kulia, ananiuliza kama mama yangu nilimwosha. Nikamwambia, "Ndiyo. Kwa mikono hii." Nikamwonyesha mikono. Kisha, kwa kuwa mwongo hujenga nyumba na kuitia sakafu, nikamsimulia shanga na vifungo, na jinsi nilivyouficha uzi kwenye mkunjo wa kanga. Alikaa juu ya lile godoro akalia. Nami nililia. Nilijisikia, Mungu anisamehe, kama mtu aliyekuwepo.

Wiki chache baadaye alirudi na daftari. Tulikaa kwenye chumba cha chai cha wafanyakazi. Alinisomea kurasa saba akizigeuza kwa Kiingereza papo hapo, polepole, akirudi nyuma kutafuta neno. Mwanamke wa kwenye riwaya alikuwa Mwelisi, mke wa mfuga kondoo, lakini vifungo vilikuwa vilevile. Zilikuwa kurasa nzuri kuliko simu ya dada yangu. Alipomaliza akalaza mkono juu ya daftari.

"Hiki ni chako kutoa?"

Kulikuwa na birika linachemka. Nakumbuka nililingoja lizime.

"Ni changu," nikasema.

Kufikia mwaka uliofuata nilikuwa nimeshahamia Canada. Habari zake zilinifikia kwa barua. Ile riwaya ya tatu aliipeleka kwenye mashindano ya waandishi wa lugha yao, ambako kila mmoja huweka jina la bandia ili waamuzi wasimjue, na mshindi hujulikana pale anaposimama ukumbini baada ya jina lile kuitwa. Aliniandikia kwamba jina lilipoitwa, aliyekaa jirani yake ndiye aliyemsukuma asimame. Akaacha ualimu. Miaka miwili aliitumia kukigeuza kitabu kwa Kiingereza yeye mwenyewe. Alisema ni kama kumvalisha mama yake nguo za mke wa mtu mwingine. Kisha kikatoka, na miji ikaanza kumwita. Nakala ya Kiwelisi alikuwa amenitumia. Jalada lake lilikuwa la rangi moja tu, na ukurasa wa mbele uliandikwa maneno aliyonitafsiria pembeni kwa kalamu: kwa mwanamke aliyemwosha mama yake. Nakala ile niliiweka chini kabisa ya begi, begi ambalo sijawahi kulimaliza kulipangua katika nyumba yoyote.

Kisha dada yangu naye akaja Toronto. Binti yake, ambaye alikulia hapa kwa shangazi wa upande wa baba yake, alimwombea ruhusa akamleta. Wanakaa Scarborough, ghorofa ya kumi na moja. Mimi napanga chumba Weston, jirani na mto. Ni safari ndefu, na kila nilipokwenda dada alinifungulia mlango na utani uleule.

"Karibu msafiri. Begi umeliacha wapi leo?"

"Limepumzika."

"Liache lipumzike, maskini. Limetembea kuliko posta."

Mpwa wangu huelewa kila neno tunalosema, lakini hujibu kwa Kiingereza, naye dada humjibu kwa Kiswahili, na siku inakwenda. Mimi na dada tulikuwa tumezoea kuzungumza mbele yake kama vile hayupo.

Baada ya kuliona lile jalada dukani, barua pepe ya mwandishi ilinikuta. Anakuja Toronto, atasoma kwenye maktaba siku ya Jumamosi mchana, na angefurahi sana nikiwepo. Nilikuwa na wiki tatu za kumwambia dada. Nilikwenda Scarborough mara tatu. Mara ya kwanza walikuwepo wageni. Mara ya pili alikuwa na maumivu ya goti. Mara ya tatu hakukuwa na sababu yoyote. Tulikuwa wawili, tunachambua mchicha, nikasema, "Dada," akasema, "Naam," nikamwuliza kama mchicha wa hapa una ladha. Nilipanga kwenda peke yangu, nirudi, basi.

Aliyeniharibia ni mpwa wangu, tena kwa upendo. Aliona tangazo la maktaba kwenye simu, akakumbuka nimewahi kutaja rafiki mwandishi wa Wales.

"Una rafiki anaandika vitabu na hutuambii?" dada alinipigia. "Wewe mtu wa namna gani? Tunakuja. Na siji mikono mitupu."

Alikuja na sinia la visheti vimefunikwa kitambaa cheupe, amevaa buibui jipya na miwani ya binti yake, ambayo haikuwa ya macho yake. Mlangoni kijana wa maktaba alimwambia kwa adabu kwamba chakula hakiruhusiwi.

"Mwambie hiki si chakula," dada aliniambia. "Ni zawadi. Anayetaka kula atakula nje."

Vitabu vilikuwa vimepangwa juu ya meza mlangoni. Nilijaribu kumpitisha upande wa pili, nikajifanya namsaidia goti. Akasimama. Akaweka sinia mezani, akachukua kitabu kimoja, akakileta karibu na macho kisha mbali kwa ajili ya ile miwani. Halafu akaweka kidole gumba juu ya kifungo cha kwanza, akakisogeza mpaka cha mwisho, kimoja kimoja, kama mtu anayevuta tasbihi. Alikirudisha kitabu mahali pake, akakinyoosha kilingane na vingine, akachukua sinia lake.

Tulikaa mstari wa pili. Mwandishi alisoma kwanza kwa Kiwelisi. Ni desturi yake popote anapokwenda, hata kama hakuna anayeelewa. Husema ndivyo kitabu kilivyozaliwa, watu wamsikie kwanza mtoto kabla ya mkalimani wake. Kisha akasoma kwa Kiingereza. Mpwa wangu aliinama akamnong'oneza mama yake, kwa kile Kiswahili chake kilichokatika vipande. Niliyasikia maneno: kiuno, maji, ameficha kwenye nguo. Mkono wa dada ulikuwa juu ya kitambaa cha sinia, umetulia.

Alipomaliza, mwandishi aliinua uso, akanitafuta.

"Mwanamke aliyenipa kitabu hiki," alisema, "yuko nasi. Yeye mwenyewe ndiye aliyemwosha mama yake. Mimi wangu sikumgusa. Ningeomba asimame."

Watu wakageuka. Wakaanza kupiga makofi. Nami nikasimama. Ningeweza kubaki nimekaa, ningeweza kutikisa kichwa. Nilisimama, nikaweka mkono kifuani, nikainamisha kichwa kidogo kama mtu mnyenyekevu. Jambo hilo ndilo linaloniamsha siku hizi. Ule uongo wa chumbani nilikuwa na msiba. Lile jibu la chumba cha chai, nilikuwa na haya ya kurudi nyuma. Lakini hapa nilisimama na dada yangu amekaa karibu na paja langu.

Baadaye watu walipanga foleni kusainiwa vitabu. Dada naye akapanga, na sinia lake. Tulipofika mbele, mwandishi alitoka nyuma ya meza akanikumbatia, kisha akamtazama dada na tabasamu.

"Huyu ni nani?"

"Ni dada yangu."

Dada alimpa sinia. Alipolipokea, dada akanyoosha mikono yake miwili mbele yake, viganja juu. Akasema kwa Kiswahili, bila kupandisha sauti, "Mwambie mikono iliyoosha ni hii."

Mwandishi akanigeukia, anangoja. Foleni nyuma inangoja.

"Anasema karibu sana Toronto," nilitafsiri.

Ndipo mpwa wangu, yule tuliyezoea kuzungumza mbele yake kama hayupo, akasema kwa Kiingereza chake safi, "Hapana, mama mdogo. Hakusema hivyo." Akamgeukia mwandishi, akatafsiri neno kwa neno.

Sijui uso wangu ulikuwaje. Uso wa mwandishi naujua: ulizeeka. Alilishika lile sinia kama mtu aliyepewa mtoto asiye wake. Aliniambia neno moja tu. "Nilikuuliza."

"Uliniuliza," nikasema.

Akamwambia mpwa wangu amwulize mama yake anataka afanye nini. Kama anataka, ataomba kitabu kisichapwe tena. Alimaanisha. Mtu aliyechana kurasa mbele ya watu angeweza kuchana na hiki.

Dada alifikiri. Alisema, "Kilichofunuliwa kimefunuliwa. Mama hawezi kuvuliwa mara mbili." Kisha akakinyooshea kidole kitabu kilichokuwa juu ya rundo. "Lakini mwambie vifungo vilikuwa sita. Mashati yalikuwa sita. Mimi ndiye niliyevihesabu."

Mwandishi aliweka sinia chini, akatoa daftari mkobani, daftari la aina ileile ya kwenye gari, akaandika. Akamwonyesha dada ile tarakimu. Dada akaitazama kupitia miwani isiyo yake, akaitika kwa kichwa.

Mimi nilikuwa nimesema vitano. Nilisahau. Hata cha kuiba nilikishika vibaya.

Tulirudi kwa basi. Dada na binti yake walikaa, mimi nikasimama nimeshika mlingoti ingawa viti vilikuwa vitupu. Tulipita vituo vingi hivyo. Halafu dada akakipiga kiti cha mbele yake kwa kiganja, mara mbili, kama anavyomwita mtoto.

"Kaa. Unanizibia dirisha."

Nikakaa. Nikamwambia, "Dada, niwie radhi."

"Radhi ya nini? Ya kusema, au ya kujifanya mimi?"

"Ya yote."

"Ya kusema umwombe mama." Alitazama nje, maduka yanapita. "Ya pili ni yangu. Hiyo bado naifikiria." Baada ya muda akasema, "Mwosha huoshwa. Mimi nilimwosha mama. Mimi nitaoshwa na nani hapa? Huyu mtoto hajui hata kufunga kanga."

Binti yake akacheka, kisha akaacha.

"Utaniosha wewe," dada alisema. "Kwa hiyo hamahama yako basi. Na utakachokiona, safari hii, ukimeze."

Nilikuwa nimeanza kuulizia kazi Calgary. Dada hakujua. Au alijua.

Jumapili ya pili baada ya hapo tulikwenda msikitini Scarborough, kwenye chumba cha wanawake, ambako kinamama hufundishwa kuosha maiti. Tulikuwa kama kumi na tano, Wasomali, Wahindi, sisi watatu. Katikati palikuwa na meza ndefu, na juu yake mwanafunzi mmoja wa kujitolea alikuwa amelala na nguo zake, anajizuia kucheka. Mwalimu, mama mnene mwenye glavu mfukoni, alianza kwa kutuuliza nani amewahi kuosha, ili ajue pa kuanzia.

Dada aliinua mkono. Wengine watatu wakainua.

Nimewalea wazee miaka mingi. Nimebeba, nimepangusa, nimefumba macho ya waliokufa. Nilikuwa naweza kuusimulia uoshaji ule tangu maji ya kwanza mpaka karafuu maiti, na mtu asinishuku. Dada alikuwa ananitazama kwa pembeni.

Mikono yangu niliiacha mapajani. "Mimi sijawahi," nikasema, ingawa mwalimu hakuwa ameniuliza peke yangu. "Mimi nianzie mwanzo."